Klabu Iliyokufa: Kisa cha Wanderers katika Somo la Historia

Mwalimu mwanafunzi anayekwenda kufanya mazoezi ya kufundisha katika shule za msingi za Mtwara, iwe mjini, iwe Mikindani au Msimbati, au katika vijiji vilivyo karibu na mlango wa mto Ruvuma, aghalabu hukabidhiwa mambo mawili mara tu anapofika: vipindi vya historia na timu ya mpira ya shule. Huyapokea kama mambo mawili yasiyojuana. Historia huifundisha asubuhi kwa kuandika majina na miaka ubaoni, nao wanafunzi wakanakili. Mpira huufundisha jioni kwa filimbi. Katika makala haya tunakusudia kuonyesha jinsi jambo la jioni linavyoweza kulisaidia lile la asubuhi, na tutafanya hivyo kwa kutumia kisa cha klabu moja ya Uingereza ya karne ya 19 ambayo wachezaji wake walikuwa wa ridhaa, ikapata utukufu mkubwa, kisha ikafa.

Tumeichagua klabu iliyokufa kwa makusudi. Habari za chombo kinachoishi humvuta mwanafunzi ashangilie. Habari za chombo kilichokwisha humfanya aulize. Mtoto wa darasa la sita akiambiwa kuwa timu fulani ilitwaa kombe mara tano, na kwamba katika muda wa miaka mitatu tangu ushindi wake wa tano ikashindwa kupata watu kumi na mmoja wa kuingia uwanjani, hatahitaji kuchochewa. Atauliza mwenyewe: kwa nini? Mwalimu aliyekwisha kulipata swali hilo kutoka kinywani mwa mtoto amekwisha kulipata somo.

Kisa chenyewe

Mwaka 1859, katika viunga vya mashariki vya London, karibu na msitu wa Epping, vijana kadhaa ambao wengi wao walisoma shule ya Harrow waliunda klabu wakaiita Forest, yaani Msitu. Miongoni mwao walikuwamo ndugu wawili, John na Charles Alcock, watoto wa familia yenye mali, waliozaliwa Sunderland. (Mwalimu asisahau kuwaambia wanafunzi kuwa jina la mji huo ndilo lililobebwa na Simba ya Dar es Salaam hadi mwaka 1971. Darasa lote litaamka.)

Wakati huo hapakuwa na sheria moja ya mchezo. Kila shule ya matajiri ilikuwa na kanuni zake: hapa mpira hushikwa kwa mikono, pale haushikwi; hapa ni halali kumpiga mwenzio teke la ugoko, pale ni haramu. Tarehe 26 Oktoba 1863 wajumbe wa vilabu vya London na pande zake walikutana katika ukumbi wa Freemasons' Tavern, wakaanzisha Chama cha Mpira cha Uingereza, na Forest ikawa miongoni mwa waanzilishi. Mwaka uliofuata klabu ilibadili jina, ikaitwa Wanderers, maana yake watu wa kutangatanga. Jina liliwafaa, kwani hawakuwa na uwanja wao. Walicheza katika bustani za umma, kama ile ya Battersea, na baadaye katika uwanja wa kriketi wa Kennington Oval, ambao ulikuwa mali ya wengine.

Roho ya klabu ilikuwa Charles Alcock. Mwaka 1870 alifanywa katibu wa Chama cha Mpira, na tarehe 20 Julai 1871 alitoa pendekezo kwamba vilabu vyote vya chama vishindanie kombe moja. Wazo hilo hakulitoa mbali: alipokuwa Harrow mabweni ya shule yalishindana kwa mtindo wa atakayeshindwa kutoka. Hapa mwalimu atue kidogo. Kombe ambalo leo linaigwa duniani kote, pamoja na mashindano yetu ya kombe hapa Tanzania, lilichipuka katika mashindano ya mabweni ya shule. Mwanafunzi aliyekwisha kucheza mechi ya darasa la sita na la saba ameuona mzizi wake.

Vilabu 15 vilijiandikisha. Kombe lenyewe, la fedha, liligharimu pauni 20. Namna Wanderers walivyofika fainali ni kichekesho ambacho watoto hukipenda. Wapinzani wa kwanza walijitoa. Wa pili walifungwa. Na wa tatu walitoka sare, ikaamuliwa kuwa timu zote mbili ziendelee. Katika nusu fainali walitoka sare na Queen's Park ya Glasgow, nao Waskoti, ambao nauli yao ya kuja London ilikuwa ya kuchangiwa, hawakuwa na fedha za kubaki au kurudi kwa mechi ya marudiano. Basi Wanderers wakaingia fainali kwa kushinda mechi moja tu.

Kwa mtoto wa Mtwara habari ya Queen's Park haihitaji ufafanuzi mrefu. Toka Glasgow hadi London ni kama kilomita 640. Toka Mtwara hadi Dar es Salaam ni zaidi kidogo ya 550. Kabla ya daraja la Mkapa kufunguliwa mtoni Rufiji mwaka 2003, na hasa masika, timu ya kusini iliyokwenda Dar es Salaam ilihesabu safari kwa siku, wala si kwa saa. Waulize wanafunzi: ni nani aliyeshinda nusu fainali ile, Wanderers au nauli? Tunaliona swali hili kuwa bora kuliko maswali kumi ya tarehe, kwa sababu linamfunza mtoto kwamba matokeo ya jambo huweza kuamuliwa nje ya uwanja.

Fainali ilichezwa Oval tarehe 16 Machi 1872 mbele ya watu wapatao 2,000, waliolipa shilingi moja kila mmoja. Wapinzani walikuwa Royal Engineers, maofisa wa jeshi wa kikosi cha uhandisi, na ndio waliotarajiwa kushinda. Dakika za mwanzo mwanajeshi mmoja, Cresswell, alivunjika mtulinga, lakini hapakuwa na mchezaji wa akiba, naye akabaki uwanjani hadi mwisho. Bao la pekee lilifungwa na Morton Betts, aliyecheza kwa jina la kujitungia. Hivyo Wanderers wakawa mabingwa wa kwanza. Walilitwaa kombe tena mwaka 1873, kisha mfululizo miaka ya 1876, 1877 na 1878. Kwa kanuni ya wakati ule, atakayelitwaa mara tatu mfululizo angelimiliki daima. Wao walilirudisha, wakaweka sharti moja tu: pasiwe na klabu nyingine itakayopewa haki ya kulichukua moja kwa moja.

Baada ya hapo mambo yaliharibika upesi. Msimu wa 1878 hadi 1879 walitolewa katika raundi ya kwanza kabisa kwa mabao 7 kwa 2, na waliowatoa walikuwa Old Etonians, timu ya watu waliosoma shule ya Eton. Msimu uliofuata Old Etonians wakawatoa tena. Mara ya tatu Wanderers walijiandikisha lakini wakajitoa kwa kukosa wachezaji, na mara ya nne vivyo hivyo. Ikabaki mechi moja kila mwaka dhidi ya wanafunzi wa Harrow, mpaka ilipofika mwaka 1887 hivi klabu ikawa imekwisha. Mwaka 2009 kikundi cha watu London kililifufua jina hilo kwa ajili ya michezo ya hisani, lakini jina kufufuka ni jambo jingine.

Kutafuta sababu

Mwalimu asitoe sababu. Awape wanafunzi habari za mtu mmoja tu, Arthur Kinnaird, wazitafakari. Kinnaird alisoma Eton, baadaye akawa mwenye benki, na mwishowe rais wa Chama cha Mpira. Alitwaa kombe akiwa na Wanderers mwaka 1873, 1877 na 1878. Mwaka 1879 alilitwaa tena, lakini safari hii akiwa nahodha wa Old Etonians. Andika miaka hiyo minne ubaoni kwa safu, na jina la timu mbele ya kila mwaka, kisha kaa kimya. Katika darasa lenye watoto hamsini pana atakayesema: “Mwalimu, alihama.” Muulize: alihamia wapi? Alirudi kwao.

Hiyo ndiyo siri yote. Wanderers haikuwa na mtaa, wala kijiji, wala kiwanda, wala watoto waliokua wakiitazama ikicheza wakitamani kuvaa jezi yake. Ilikuwa imekusanya wachezaji bora waliotoka katika shule mbalimbali za matajiri. Shule hizo zilipokuwa hazina timu za wahitimu wao, kila mchezaji hodari alikuja Wanderers. Wahitimu wa Eton, wa Charterhouse, wa Harrow walipoanza kuunda timu zao, kila mmoja aliwafuata wenziwe. Klabu ilikuwa kama mtungi mzuri unaojazwa kwa visima vya watu; wenye visima walipochimba mifereji ya kwao, mtungi ukakauka. Tena hata katika miaka ya sifa walikuwa wakati mwingine wakiingia uwanjani pungufu, kwa kuwa mchezaji wa ridhaa ana kazi yake na karamu zake, wala hapakuwa na jirani wa kumgongea mlango asubuhi ya mechi.

Tunamtahadharisha mwalimu juu ya jibu moja litakalotolewa bila shaka yoyote katika pwani yetu: kwamba walirogwa, au kwamba kamati yao ya ufundi ilizidiwa na ya wenzao. Asicheke, wala asimkaripie mtoto. Amwulize: jambo hilo tutalijuaje? Limeandikwa wapi, au limesemwa na nani aliyekuwapo? Kisha aelekeze swali hilo hilo kwa jibu la Kinnaird. Mtoto ataona mwenyewe kuwa jibu moja lina ushahidi na jingine halina, na hapatakuwa na haja ya hotuba juu ya ushirikina.

Na madhali tumetaja ushahidi, fainali ya mwaka 1877 inafaa kipindi kizima peke yake. Wanderers walicheza na Chuo Kikuu cha Oxford, na Kinnaird alikuwa mlinda mlango. Alidaka mpira, akarudi nyuma, akavuka mstari wa lango nao mikononi. Oxford wakapewa bao. Wanderers walisawazisha na kushinda 2 kwa 1 katika muda wa nyongeza. Baada ya mechi Kinnaird alikataa kuwa alivuka mstari, na Chama cha Mpira, ambacho yeye mwenyewe alikuwa mjumbe wa kamati yake, kikalifuta bao hilo. Kwa zaidi ya miaka 100 kumbukumbu rasmi zilisema 2 kwa 0, mpaka watafiti walipoyarudia magazeti ya siku zile na bao likarudishwa. Mwanafunzi aliyeelewa kisa hiki hatasoma tena kumbukumbu rasmi ya jambo lolote bila kuuliza aliyeiandika alikuwa nani, na aliketi upande gani.

Kwa upande wa zana, hakuna zana bora kuliko uwanja wa shule. Katika kipindi cha michezo wanafunzi wacheze dakika 20 kwa baadhi ya kanuni za 1872. Lango liwe na miti miwili na kamba iliyofungwa juu badala ya mwamba. Pasiwe na wavu, wala penalti, kwani penalti haikuwapo hadi mwaka 1891. Kila bao likifungwa timu zibadilishane magoli. Atakayechoka asibadilishwe. (Kuvunjika mtulinga hatukuagizi.) Watagombana kama mpira umepita chini ya kamba au juu yake, na ugomvi huo utawafundisha kwa nini mwamba ulikuja kuwa lazima mwaka 1882. Sheria nyingi duniani zimezaliwa hivyo hivyo.

Mtoto mmoja atauliza kombe lenyewe liko wapi. Jibu ni kwamba liliibwa. Mwaka 1895 liliwekwa katika dirisha la duka mjini Birmingham, baada ya Aston Villa kulitwaa, likaibwa usiku wa tarehe 11 Septemba, wala halijaonekana tena.

Klabu ya pili, kwa kulinganisha

Mwanafunzi akiishia hapa atadhani kuwa klabu yenye mtaa wake haifi. Kwa hiyo tunashauri kipindi kimoja cha kulinganisha. Mwaka 1878, mwaka ule ule wa ushindi wa mwisho wa Wanderers, ilizaliwa Blackburn Olympic katika mji wa viwanda vya nguo wa kaskazini ya Uingereza. Wachezaji wake walikuwa wafumaji, msokota nyuzi, mfanyakazi wa chuma, fundi bomba. Walikuwa na uwanja wao na watu wao. Mwenye kiwanda kimoja cha kusubu chuma aliwatolea fedha wakae Blackpool, kando ya bahari, wakifanya mazoezi kabla ya fainali, jambo ambalo mabwana wa kusini waliliona kama ukosefu wa adabu. Tarehe 31 Machi 1883, Oval, waliwafunga Old Etonians 2 kwa 1 katika muda wa nyongeza. Tangu siku ile hakuna timu ya mabwana wa ridhaa iliyolitwaa tena kombe hilo, na mwaka 1885 kuwalipa wachezaji kukahalalishwa.

Olympic nayo ilifungwa mwaka 1889. Ilikuwa na mtaa, lakini mji mmoja mdogo ulikuwa pia na Blackburn Rovers, yenye watazamaji wengi na fedha zaidi. Ligi ilipoundwa mwaka 1888 ikiwa na vilabu 12, Rovers ndiyo iliyochukuliwa. Kuwalipa wachezaji, jambo lililowafaa wafumaji wale, ndilo lililoiua klabu yao, kwa sababu mshahara wa wachezaji hulipwa kwa viingilio. Wagawe wanafunzi makundi mawili, kila kundi litetee jibu lake: ni klabu ipi iliyokufa kifo cha kujitakia? Sisi wenyewe hatukubaliani katika swali hili, na hiyo ni dalili nzuri.

Mpira ulivyofika kwetu

Sasa darasa litauliza: sisi je? Hapa daraja la kutoka Uingereza hadi Masasi lipo, tena si la kubuni. Misioni ya Vyuo Vikuu, iliyojulikana kwa herufi UMCA, ilianzishwa baada ya Livingstone kuhutubia Cambridge mwaka 1857, na watumishi wake wengi walitoka katika shule na vyuo vile vile vilivyowalea Wanderers. Chauncy Maples alisoma Charterhouse, kisha Oxford katika miaka ya mwanzo ya 1870, na Chuo Kikuu cha Oxford kilitwaa kombe la Alcock mwaka 1874. Mwaka 1876 Maples na mwenziwe wa Oxford, William Percival Johnson, walifika Unguja, na mwaka huo huo Askofu Edward Steere aliongoza msafara wa watumwa walioachwa huru kutoka Unguja hadi Lindi, na kutoka Lindi kwa miguu hadi Masasi, wakafanya makao. Mwaka 1882 makao hayo yalivamiwa na Wamagwangwara, na sehemu ya kazi ikahamia Newala.

Walimu wa kazi hiyo walifundishwa Kiungani, Unguja. Tunalisisitiza jambo hili kwa wasomaji wetu: Kiungani kilikuwa chuo cha kufundishia walimu, kama hiki chetu, na ni miongoni mwa mahali pa kwanza katika pwani yote hii ambapo Waafrika walicheza mpira wa miguu, kabla ya karne ya 19 kwisha. Wavulana wengi wa pale walikuwa watoto waliokombolewa kutoka majahazi ya watumwa. Wakitoka darasani walicheza, na wakihitimu baadhi yao walipelekwa huku kusini. Cecil Majaliwa, aliyekuwa mtumwa utotoni, alikuja Chitangali katika nchi ya Newala mwaka 1886, na mwaka 1890 akawa kasisi wa kwanza Mwafrika wa misioni hiyo.

Hatumtaki mwalimu alieleze jambo hili kwa shukrani kubwa wala kwa chuki. Wamisionari hawakuleta mpira kwa ajili ya furaha tu; waliuona kuwa chombo cha kumfunza kijana kutii saa, filimbi na mkubwa wake. Lakini chombo kikishafika mikononi mwa watu hufanya kazi nyingi ambazo aliyekileta hakuzikusudia, na anayetilia shaka aende uwanja wowote wa Mtwara jioni, aangalie watoto na mpira wao wa matambara, aone kama wanamtii mtu.

Pana jambo moja zaidi la Kiungani linalotuhusu. Mwaka 1887, mwaka ambao tumesema Wanderers ilikuwa imekwisha, A. C. Madan alichapisha London kitabu cha visa vilivyoandikwa na wavulana wa Kiungani wenyewe: kwao kulikuwa wapi, walitekwaje, walipitia njia gani hadi pwani. Watoto wa umri wa wanafunzi wetu walishika kalamu wakaandika historia ambayo mtu mwingine yeyote asingeweza kuiandika. Basi mwalimu asiseme kuwa kazi tunayoielezea hapa chini ni ngumu kwa watoto.

Klabu za kwetu

Mabwana wa Wanderers waliandikwa magazetini kila juma. Timu za vijiji vya Mtwara zimeandikwa vichwani mwa wazee, na kila mwaka vichwa hivyo hupungua. Hii ndiyo haraka tuliyo nayo, na ndiyo sababu ya kuandika makala haya.

Mahali pa kuanzia ni timu ambayo wanafunzi wanaijua. Ndanda, iliyochukua jina lake katika nchi ya Masasi, ilipanda Ligi Kuu mwaka 2014, ikacheza mechi zake katika uwanja wa Nangwanda Sijaona hapa mjini, ikashuka mwaka 2020. Waulize: wachezaji walitoka wapi? Nani alilipa nauli? Kisha waeleze kuwa mambo hayo hayakuanza na Ndanda. Cosmopolitan ya Dar es Salaam ilikuwa bingwa wa Tanzania mwaka 1967, Mseto ya Morogoro mwaka 1975, Tukuyu Stars ya Mbeya mwaka 1986. Leo zinatajwa zaidi na wazee kuliko na vijana. Timu ya wafanyakazi hufuata kazi yao, na Mtwara inalijua hilo kuliko miji mingi: bandari yetu na reli ya kwenda Nachingwea zilijengwa kwa ajili ya mpango wa karanga wa mwaka 1947, mpango ukafa upesi, na reli ikang'olewa katika miaka ya mwanzo ya 1960.

Kisha watoto waende kwa wazee. Wasiende darasa zima, kwani mzee aliyezungukwa na watoto hamsini hutoa hotuba badala ya habari. Waende wawili wawili, mmoja wa kuuliza na mmoja wa kuandika, mvulana na msichana ikiwezekana. Wabishe hodi, waamkie, waketi, wangoje kuulizwa shida yao. Wasianze kwa kuuliza mwaka, kwa sababu mzee akiulizwa mwaka hubahatisha ili asimwaibishe mgeni. Waulize: ilikuwa kabla ya Uhuru au baada yake? Watu walikuwa wamekwisha kuhamishiwa katika vijiji vya ujamaa? Ilikuwa wakati wa vita vya Msumbiji, wakimbizi walipokuwa wakivuka Ruvuma? Kwa matukio hayo, ambayo miaka yake inajulikana, mwalimu atakaribia mwaka wenyewe. Kuhamishwa vijiji kutazamwe kwa makini. Kijiji kikihama uwanja hubaki nyuma, na kama tulivyoona kwa Wanderers, uwanja si jambo dogo.

Maswali ya msingi ni yale yale tuliyoyatumia kwa Wanderers na Olympic: uwanja ulikuwa wa nani, wachezaji walitoka wapi, mpira ulinunuliwa na nani, siku ya safari nani alipika na nani alilipa, na mechi ya mwisho ilikuwa ipi. Bibi naye aulizwe, tena kando, si mbele ya mumewe. Mara nyingi yeye ndiye anayekumbuka ni nani aliyeondoka kwenda mashamba ya mkonge au mjini, na kwamba timu haikucheza tena baada ya hapo.

Yamkini habari nyingine zitamhusu mwalimu. Pana timu za shule ambazo zilizaliwa mwalimu fulani alipohamia na zikafa alipohamishwa. Habari hizo zisifichwe, nazo ziandikwe kama nyingine, ila jina la mwalimu liachwe.

Wanafunzi wakirudi, waandike habari zao kwa kalamu ya risasi kwanza. Watu wawili wakitofautiana juu ya mabao, maelezo yote mawili yaandikwe, kila moja na jina la msemaji, na darasa likumbushwe bao la Kinnaird. Kisha wale wawili warudi kwa mzee wamsomee walichoandika, wakisahihishe mbele yake, ndipo wakinakili kwa wino katika daftari kubwa la shule. Daftari hilo likabidhiwe kwa mwalimu mkuu kabla ya mwalimu mwanafunzi kurudi chuoni, asiondoke nalo.